Bibi Anataka Mwanangu Aitwe Serah

Mama Drora mpendwa,

Nasoma majibu yako kwa watu gazetini, sasa nisaidie na mimi, nakuomba, na unisaidie kabla ya Sabato, maana Sabato hii mume wangu ataitwa mbele ya watu sinagogini kumtangazia binti yetu jina, na mimi niliyemzaa bado sijui kama jina hilo nalitaka au nalikimbia. Naandika kwa kidole gumba kimoja kwenye simu, mtoto amelala kifuani, kwa hiyo ukiona maneno yanakimbizana bila kupumua usinicheke, ndivyo yalivyo na kichwani.

Naitwa Hagit, nakaa Holon, kazi yangu ni kufundisha watoto kuogelea kwenye bwawa la mji. Kwetu ni Galilaya, wazazi wa mama yangu walitoka Romania, watu wa maneno machache na viazi vingi. Mume wangu Nuriel kwao ni Isfahani, huko Uajemi, na nyumba yao ni ya kelele, kila mtu anaongea juu ya mwenzake, chai haikauki, na ukikataa kuongezewa gondi, yale matonge ya kuku na unga wa dengu, mama mkwe wangu Mahin anakuuliza ni nani aliyekuudhi. Mimi nilizama humo kwa furaha, siwezi kukudanganya.

Katika nyumba hiyo yumo Bibi Shokat, mama yake Mahin, ambaye umri wake hata yeye mwenyewe anaukadiria tu. Alitoka Isfahani wakati wa mapinduzi, yeye na mumewe na Mahin akiwa msichana, na mwanawe wa kwanza Parviz, kijana ambaye ndiyo kwanza alikuwa anaota ndevu, akabaki nyuma ili awafuate kwa njia ya jangwani, kupitia Pakistani. Hakufika. Mtu aliyekuwa akivusha watu akaleta habari kwamba kundi zima lilipigwa risasi mpakani. Tangu hapo Bibi huwasha mshumaa wa marehemu kila mwaka, na jina la Parviz halitajwi mezani, ukilitaja kwa bahati mbaya vijiko vyote vinasimama.

Sasa sikia, Mama Drora. Msimu wa baridi uliopita jirani yetu Sohrab, anayeuza mazulia, alikwenda Hamburg kwa biashara zake, akaingia mkahawa wa Waajemi, akakaa meza moja na mzee asiyemjua, wakaanza kama Waajemi wanavyoanza, kwenu wapi, mtaa gani, mtoto wa nani, na yule mzee akasema kwetu Isfahani, mtaa wa Jubare, mama yangu aliitwa Shokat, mke wa mshona mapazia, Mungu amrehemu.

Sohrab akamwambia, "Mungu amrehemu nani? Juzi kanifokea kwa sababu nimeegesha gari mbele ya mlango wake!"

Ndiyo, alikuwa ni yeye. Mjomba Parviz hakuuawa, alikamatwa, akakaa gerezani miaka, na humo gerezani wakamwambia kwamba familia yake yote imekufa njiani, kwa hiyo alipotoka hakuwa na wa kumtafuta, akatangatanga mpaka Uturuki, kutoka Uturuki akaingia Ujerumani, akaoa, mke akafariki, akabaki peke yake na chai yake. Mama analia mwana huku, mwana analia mama kule, na wote wawili wako hai. Sohrab alipopiga simu ya video na Mahin akaiona ile sura, jicho la kushoto linalojifumba lenyewe akicheka, alikaa chini kwenye sakafu ya jikoni, akasema, "Ni yeye."

Ikabaki kumwambia Bibi. Na hapo ndipo tulipokwama, kwa sababu moyo wake ni mbovu na daktari alishatuonya kwamba habari nzito, iwe ya msiba au ya furaha, asipewe kwa ghafla. Tulisimama jikoni tukinong'onezana kama wezi.

"Mwambie wewe, Mama," Nuriel akasema.

"Mimi?" Mahin akajibu. "Mimi nikifungua mdomo nitapiga ukelele, atadhani nyumba inaungua."

"Basi daktari aje amwambie."

"Akimwona daktari kaja nyumbani halafu anatabasamu, atajua saa yake imefika. Unataka kumuua bibi yako?"

Kisha wote wakanigeukia mimi, na mimi wakati huo tumbo liko hapa mbele, viatu vyangu mwenyewe sivioni. Ni kwamba nilikuwa likizo, asubuhi nashinda na Bibi, namchana nywele, na yeye alikuwa ananifundisha wimbo wa kubembelezea mtoto, ule aliowaimbia wanawe wa Jubare, maana alisema siwezi kuzaa mtoto wa Isfahani nikamlaza kwa mlio wa simu. Mahin akanishika mkono. "Wewe sauti yako haimshtui," akaniambia. "Mwambie polepole, mwanangu. Vyovyote utakavyoona."

Nililala na hofu ile, nikaamka nayo. Akinifia mikononi je? Nitawatazama vipi? Asubuhi nilimkalisha dirishani kama kawaida, nikamfungua nywele, nyeupe, nyembamba, zinafika kiunoni, nikaanza kuimba ule wimbo kwa sababu sikuwa na jambo lingine la kufanya na mdomo wangu. Nikauimba mara ya kwanza ulivyo. Mara ya pili nikaweka jina la Parviz mahali pa neno 'mtoto'. Mgongo wake ukakakamaa lakini hakuninyamazisha. Sijui nani alinipa ujasiri, nikaendelea, nikaimba kwamba Parviz analala mbali, nikazunguka tena, nikaimba kwamba Parviz anakunywa chai mbali, nikazunguka tena, nikaimba kwamba Parviz nywele zake zimeingia mvi.

Bibi akainua mkono. Kichana kikasimama.

"Imba tena hapo," akasema.

Nikaimba. Sauti ilikuwa inanitetemeka kama ya mbuzi.

"Tena."

Nikaimba tena. Nje basi likapita, na mtu akafungua duka lake, na mimi nilikuwa nahesabu pumzi zake kwa kuangalia mabega. Kisha akasema taratibu, bila kugeuka, "Maiti haoti mvi."

"Haoti, Bibi," nikasema.

"Mwanangu yu hai."

"Yu hai, Bibi. Yuko Hamburg. Anakusubiri."

Hakuanguka. Hakulia hata. Alishusha pumzi moja ndefu, ndefu mno, kama mtu anayetua mzigo aliosahau kwamba amebeba, akaomba maji, akanywa, halafu akaniuliza, "Huko anakula nini? Wajerumani wanajua kupika wali?" Mimi ndiye niliyelia, nikacheka, nikalia. Na katikati ya kulia kwangu akageuka, akaweka viganja vyake viwili juu ya tumbo langu, akayafumba macho, akasema, "Humu yumo Serah."

Nikamuuliza Serah ndiye nani. Mama Drora, mimi nimesoma shule zetu za kawaida, jina hilo nilikuwa nalipita tu katika orodha za Maandiko. Akanieleza kama mtu anayemweleza jirani wa mlango wa pili. Serah binti Asheri, mjukuu wa mzee wetu Yakobo. Wana wa Yakobo waliporudi kutoka Misri wakijua kwamba Yusufu yu hai, waliogopa kumwambia baba yao ghafla asije akafa, wakamtuma yule msichana aliyejua kupiga kinubi, akakaa karibu na babu yake akamwimbia, kidogo kidogo, katika wimbo, kwamba Yusufu yu hai. Na mzee akambariki kwamba mdomo ulioleta habari ile mauti yasiuguse. Akaishi, akaishi, vizazi vikapita yeye yupo, mpaka siku ya kutoka Misri akawa ndiye peke yake aliyekumbuka mahali jeneza la Yusufu lilipofichwa, akamwonyesha Musa. Na wazee wa Isfahani wanasema alifuatana na Wayahudi waliohamishwa kwa nguvu mpaka kwao, akaingia katika ufa wa mwamba nje ya mji, na hakuna aliyemwona akifa. "Mama yangu alinipeleka hapo nikiwa msichana," Bibi akasema. "Tulivua viatu."

Mimi sikuijua hadithi hiyo! Nilimwimbia kwa sababu niliogopa, basi, na kumbe nilikuwa nakanyaga juu ya nyayo za msichana wa zamani zile, neno kwa neno, hofu kwa hofu. Tangu siku hiyo nikimwangalia Bibi natamani kuvua viatu na mimi.

Mtoto akazaliwa, msichana kweli. Bibi hakuuliza tutamwita nani. Alimchukua tu akasema, "Karibu, Serah," na Mahin akalia, na Nuriel akaniangalia.

Sasa tatizo langu unalijua, wewe ni mtu wa hapa. Kwa Kiebrania chetu cha leo jina hilo linasikika kama uvundo. Mimi nashinda na watoto, najua wanavyoitana kwenye chumba cha kubadilishia nguo, mtoto anaitwa Yoni wanamwita makaroni, sasa huyu anayeitwa Serah watamfanyaje? Watabana pua kila akipita! Mama yangu Zahava nilipomtajia kwenye simu akasema, "Hagit. Utamwita mjukuu wangu Uvundo?" Nikamwambia ni jina la kwao Nuriel, la zamani. Akasema, "Majina ya zamani yamejaa, chagua linalooga." Akakata simu, na tangu siku hiyo anapiga kuuliza mtoto ananyonya, hanyonyi, basi, hakai kwenye simu.

Nuriel anasema uamuzi ni wangu, jambo ambalo ni la uungwana na linaniudhi. Mjomba Parviz anafika Ijumaa. Nikilikataa jina nitakuwa nimemnyima Bibi kitu ambacho sina kingine cha kumpa badala yake. Nikilikubali namtwika mwanangu kicheko cha watoto wenzake. Na kuna la tatu ambalo sijamwambia mtu, nalo ni kwamba jina lenyewe linanitisha. Nikimtazama huyu mtoto, ngumi zake ndogo, napata woga kama mtu aliyeazimwa chombo cha hekaluni. Nani mimi wa kumwita hivyo? Niambie la kufanya.

Wako,
Mama wa mtoto asiye na jina bado, Holon

*

Hagit,

Kwanza mbusu huyo mtoto. Sasa nisikilize, maana nina la kukusifu na nina la kukugombeza, na nitaanza na sifa kwa sababu zitaisha upesi.

Nimesoma barua yako nimesimama, nikaisoma tena nimekaa. Miaka yote hii watu wananiandikia jinsi walivyopeana habari mbaya vibaya, na habari njema vibaya zaidi. Wewe ulichukua habari inayoweza kuua, ukaipoza kwa sauti yako mpaka ikanyweka. Kazi hiyo hawakuiweza mama mkwe wako wala mumeo. Inama ushukuru, kisha inuka, kwa sababu una kazi.

Kuhusu maana. Ulichokisikia katika jina hilo si uongo, lakini ni nusu ya mlango. Herufi hizo zimebeba kuoza, ndiyo, na watoto watalijua hilo siku ya kwanza. Lakini katika Maandiko, neno lenyewe linatumika pia kwa pazia la hema takatifu: lilipotandikwa, kipande kikazidi kipimo, na hakikukatwa, kiliachwa kining'inie nyuma. Hicho ndicho neno hilo linachokiita. Kilichozidi. Kilichobaki baada ya kipimo kutimia. Wako wataalamu wanaolieleza jina hilo vingine na siwagombi, lakini mimi nikimfikiria msichana ambaye miaka yake ilizidi kipimo cha wanadamu wote, na nikimfikiria mwana aliyebaki hai baada ya mama yake kumaliza machozi, naona neno limekaa mahali pake. Jihesabu na wewe humo. Ulimletea mwanamke yule kitu kilichozidi maisha aliyodhani yamekwisha.

Sasa nakugombeza. Hebu soma tena barua yako. Kinubi umenieleza, kichana umenieleza, mvi umenieleza, mimi ambaye hunijui hata rangi. Mama yako umemwambia nini? "Ni jina la kwao Nuriel, la zamani." Hivyo tu! Mwanamke huyo hajui kwamba binti yake aliimba mtu akarudi kutoka kaburini. Ulitaka aseme nini, ashangilie? Umempa uvundo bila kumpa hadithi, kisha unamshangaa anabana pua. Na nitakwambia jambo lingine: mama yako hagombani na jina. Anagombana na ile nyumba ya kelele uliyozama humo kwa furaha, kama ulivyoniandikia mwenyewe, ukamwacha yeye Galilaya na viazi vyake. Kila mtu katika hadithi hii amepewa nafasi isipokuwa yeye.

Na kuhusu huo woga wako wa chombo cha hekaluni, ufurahie, lakini usimlee mtoto nao. Yule Serah wa zamani alipotumwa kwa babu yake hakuwa mtakatifu wa mtu yeyote. Alikuwa msichana wa nyumbani mwenye sauti nzuri, ameitwa kwa sababu wakubwa waliogopa. Mtoto wako atajinyea, atadanganya, atakuvunjia vyombo, na siku moja atakwambia anachukia jina lake na atapiga mlango. Utamwacha apige. Usimtazame kama jeneza la Yusufu, mtazame kama mtoto mwenye njaa.

Basi, fanya hivi. Leo, si kesho, weka mtoto kwenye gari uende Galilaya. Usipige simu. Kaa jikoni kwa mama yako, umweleze yote tangu mkahawa wa Hamburg mpaka viganja juu ya tumbo, na usiruke kipande ulichotetemeka. Ukimaliza, usimuulize anaonaje, muulize atasimama nawe sinagogini. Halafu mpe mtoto jina Serah, moja tu, bila kumchomekea jina la pili la kukimbilia, kwa sababu jina la kukimbilia humfundisha mtu kwamba ana cha kukimbia. Na hadithi yake aijue kabla hajajua kusoma. Mweleze akiwa kwenye beseni, mweleze akila. Mzaha lazima utafika, lakini ukifika ukute nyumba ina mwenyewe.

Umeniuliza nani wewe wa kumwita hivyo. Wewe ndiye pekee, Hagit, uliyejua uzito wa kazi ile kabla hujajua jina lake.

Drora

*

(Jibu langu nilimtumia Hagit siku ileile, kwa sababu Sabato haimsubiri mpiga chapa. Haya aliyoniandikia baadaye nayatoa kwa ruhusa yake.)

Mama Drora,

Nilikwenda. Mama alinifungulia akiwa na kisu na tango mkononi, akadhani nimeachika. Nikamweleza. Hakunikatiza hata mara moja, alimenya tango lile mpaka likabaki mbegu, na nilipofika kwenye "maiti haoti mvi" aliweka kisu chini, akaenda dirishani, akasimama amenipa mgongo. Kisha akasema, "Na wewe ulikuwa na mimba kubwa hivyo, umesimama muda wote huo? Hawakukupa kiti?" Hilo ndilo alilosema. Akachukua koti lake.

Mjomba Parviz alifika Ijumaa mchana. Ni mzee, amekonda, ana koti refu la kijivu. Bibi alikataa kukaa, alimsubiri kwa miguu yake mlangoni. Bibi alimgusa uso wote kwa vidole, paji, nyusi, pua, kama mtu anayesoma gizani, akafika kwenye nywele zake za mvi, akazishika, akabaki amezishika. Mjomba alikuwa anarudia neno moja tu, "Mama, Mama," kwa sauti ya kijana. Nilitoka nje ya chumba. Sikustahili kuona zaidi ya hapo.

Sabato Nuriel aliitwa mbele. Sisi wanawake tulikuwa upande wetu juu, Bibi katikati, mama yangu ubavuni kwangu. Ilipofika mahali pa kutaja jina, sauti ya Nuriel ilikauka. Alijaribu tena, wapi. Sinagogi zima likangoja. Ndipo Mjomba Parviz, aliyesimama nyuma yake, akasogea, akalisema yeye, kwa lafudhi ile ya Jubare, polepole, kila herufi mahali pake: Serah. Peremende zikarushwa kama ilivyo desturi, Mahin akapiga vigelegele, na mtoto hakuamka.

Nyuma yetu mama mmoja nisiyemjua akamgusa mwenzake. Nilimsikia vizuri. "Wamesema Serah? Siku hizi mtu anampaje mtoto jina kama hilo?"

Nikageuka kumjibu, lakini nilichelewa. Mama yangu, mtu wa maneno machache, alikuwa ameshahama kiti, amekaa karibu naye, amemshika mkono.

"Mimi ndiye bibi yake," akamwambia. "Una muda?"